Carl Sagan na kalenda ya ulimwengu

Tunaposema hewani kwamba ulimwengu una umri wa miaka bilioni 13.8, tunajua namba hiyo inapita sikioni tu. Mwanafalaki wa Marekani, Carl Sagan, alipata dawa yake katika Cosmos, mfululizo wa vipindi 13 ulioanza kuonyeshwa na televisheni ya PBS Septemba 1980.

Aliukunja umri wote huo ndani ya mwaka mmoja. Ulimwengu unaanza Januari mosi. Dunia yetu inazaliwa Septemba. Dinosaria wanafika karibu na Krismasi. Binadamu anachelewa kweli kweli: anaingia usiku wa Desemba 31, na kila kilichowahi kuandikwa, kuanzia vibao vya udongo vya kale hadi ujumbe ulio kwenye simu yako, kinaenea katika sekunde 12 hivi za mwisho. Sekunde moja hapo ni zaidi ya miaka 400, yaani wazee sita wa miaka sabini wakipokezana.

Kwenye runinga Sagan alitembea juu ya kalenda kubwa iliyotandazwa sakafuni. Sisi wa redio hatuna sakafu hiyo, ila hesabu yake inafuatika hata kwa masikio. Yeye alitumia miaka bilioni 15, makadirio ya wakati wake. Kwa vipimo vya sasa tarehe zimesogea kidogo tu.