Mtu wa 28

Vitabu vya kumbukumbu za besiboli ya Marekani vinasema kwamba tarehe 2 Juni 2010, mjini Detroit, Armando Galarraga wa Detroit Tigers aliishinda Cleveland 3 kwa 0, na kwamba mpigaji mmoja tu alifika salama kituo cha kwanza. Waliokuwa uwanjani waliona kitu kingine. Waliokuwa mbele ya televisheni waliona kitu kingine. Mwamuzi mwenyewe, alipoonyeshwa picha, aliona kitu kingine na akakisema wazi. Lakini kumbukumbu hazijabadilika mpaka leo.

Mimi ni mtu wa Uvira, niko Uganda mwaka wa kumi na moja sasa. Hadithi hii niliipata kwa shemeji yangu aliyepelekwa Michigan, ambaye kazini kwake watu bado wanabishana juu ya siku ile kama sisi tunavyobishana juu ya penalti. Mwanzo nilidhani ni mambo ya michezo tu. Kumbe ni mambo ya karatasi, na mambo ya karatasi sisi tunayajua.

Wengi wetu tumekulia kwenye mpira wa miguu, kwa hiyo nieleze kidogo. Katika besiboli kuna mrushaji na kuna mpigaji mwenye gongo. Mpigaji anataka kuupiga mpira na kukimbia mpaka kituo cha kwanza, halafu cha pili, cha tatu, na kurudi alikoanzia. Akirudi, timu yake inapata pointi moja. Mrushaji na wenzake wanataka kumtoa kabla hajafika. Kila timu inapata zamu 9 za kupiga, na zamu inaisha wakitolewa watu 3. Piga hesabu: 9 mara 3 ni 27.

Sasa, mechi kamili ni hii: wanakuja wapigaji 27, wanatolewa wote 27, hata mmoja asikanyage kituo cha kwanza salama. Asifike kwa kupiga vizuri, asifike kwa kupewa njia kwa sababu mrushaji alirusha ovyo, asifike kwa kuguswa na mpira, asifike kwa kosa la mdakaji. Yaani mrushaji anaweza kufanya kila kitu sawa na bado mwenzake mmoja akaangusha mpira, mambo yakaisha hapo. Ligi kuu imecheza zaidi ya mechi 200,000 tangu karne ya 19. Mechi kamili zilizoandikwa, mpaka ile ya Domingo Germán wa New York Yankees mwezi Juni 2023, ni 24 tu.

Ya kwanza ilikuwa tarehe 12 Juni 1880. Lee Richmond wa timu ya Worcester, kijana aliyekuwa bado mwanafunzi wa chuo kikuu, aliwatoa watu wote wa Cleveland. Siku tano baadaye John Montgomery Ward wa Providence akafanya vilevile dhidi ya Buffalo. Mbili katika wiki moja! Ungedhani ni jambo la kawaida. Basi baada ya hapo ligi ile ya National ilikaa miaka 84, mpaka Jim Bunning mwaka 1964, ndipo ikapata nyingine. Na mchezo wa 1880 haukuwa huu wa leo: mrushaji alisimama karibu zaidi na alirusha mkono ukiwa chini ya kiuno. Lakini mechi zile mbili zimo kwenye orodha, na hakuna anayezitoa.

Inayojulikana kuliko zote ni ya Don Larsen, tarehe 8 Oktoba 1956, Yankees dhidi ya Brooklyn Dodgers, katika fainali. Larsen hakuwa nyota. Miaka miwili nyuma, akiwa Baltimore, alishinda mechi 3 na kupoteza 21. Katika fainali hizohizo, mechi ya pili, alitolewa mapema kabisa kwa sababu mipira yake haikuelekea popote. Halafu katika mechi ya tano, mbele ya watu zaidi ya 64,000, alirusha mara 97 na hakuna Dodger aliyefika popote, hata Jackie Robinson ambaye mpira wake uligonga mkono wa mdakaji mmoja, ukamwangukia mwingine, akatolewa kwa hatua moja tu.

Mtu wa 27 siku ile alikuwa Dale Mitchell. Mpira wa mwisho ulipita, Mitchell hakupiga, na mwamuzi Babe Pinelli akasema umepita ndani, umetoka. Mitchell aligeuka kulalamika, lakini nyuma yake hapakuwa na wa kumsikiliza, kwa sababu mdakaji Yogi Berra alishamrukia Larsen kifuani. Wapo wanaosema mpaka leo kwamba mpira ule ulipita nje. Pengine ni kweli. Hakuna aliyefungua kesi. Neno la Pinelli liliandikwa, na Larsen akabaki mtu wa mechi kamili mpaka alipokufa mwaka 2020.

Mwaka 2010 ulikuwa wa ajabu. Tarehe 9 Mei, Siku ya Akina Mama huko Marekani, Dallas Braden wa Oakland alipata mechi kamili, na bibi yake aliyemlea baada ya mama yake kufa alikuwepo uwanjani. Tarehe 29 Mei Roy Halladay wa Philadelphia akapata yake mjini Miami. Siku nne baadaye ikawa zamu ya Galarraga, Mvenezuela wa Cumaná, ambaye wiki chache nyuma alikuwa bado kwenye ligi ndogo.

Watu 26 walitoka. Mmoja wao, katika zamu ya mwisho, alipiga mpira mbali kabisa na Austin Jackson akaukimbilia akiupa mgongo uwanja, akaudaka. Ukiona vile unajua kwamba siku yako imefika. Halafu akaja Jason Donald, mtu wa 27. Alipiga mpira wa chini. Miguel Cabrera akauokota, akamtupia Galarraga aliyekuwa amekimbia kukanyaga kituo cha kwanza. Galarraga alifika mbele ya Donald kwa hatua nzima. Wachezaji walishaanza kunyanyua mikono.

Mwamuzi Jim Joyce akatandaza mikono pembeni: salama.

Galarraga hakupiga kelele. Alitabasamu tu, lile tabasamu la mtu aliyesikia jambo ambalo hajui alijibu vipi, akarudi kusimama mahali pake, akamtoa mtu wa 28. Mechi ikaisha.

Joyce hakuwa mwamuzi mbovu. Mwezi huohuo wachezaji walipoulizwa nani mwamuzi bora, jina lake lilitajwa kuliko wengine. Baada ya mechi aliangalia picha, akatoka mbele ya waandishi wa habari akasema amekosea, kwamba amemnyima kijana mechi kamili. Akaomba aonane na Galarraga, akamwomba msamaha akilia, na Galarraga akamkumbatia. Kesho yake aliambiwa anaweza kupumzika, akakataa. Kabla ya mechi, Galarraga ndiye aliyetumwa kumpelekea karatasi ya majina ya wachezaji. Joyce akaipokea huku anafuta machozi, na watu wa Detroit, ambao ungetegemea wamzomee, wengi walimpigia makofi.

Kila upande ulikubali kwamba Donald alitoka. Gavana wa Michigan alitoa hata tangazo rasmi kwamba ile ni mechi kamili. Lakini kamishna wa ligi, Bud Selig, hakugeuza uamuzi. Wakati ule picha za video zilitumika kwa jambo moja tu, mipira iliyopigwa nje ya uwanja. Mwaka 2014 ligi ikapanua sheria, na sasa uamuzi kama wa Joyce unaweza kurekebishwa dakika ileile. Kwa Galarraga ilikuwa imechelewa miaka minne.

Mwaka huohuo kulikuwa na mechi kamili ya aina nyingine. Kampuni ya 2K Sports, ilipotoa mchezo wake wa video wa MLB 2K10, iliahidi dola 1,000,000 kwa mkazi wa Marekani wa kwanza atakayepata mechi kamili na kuirekodi. Mashindano yalifunguliwa tarehe 2 Machi. Kijana mmoja wa Alabama aliipata siku ileile ya kwanza, akiwa amekaa nyumbani, akimtumia mrushaji Kenshin Kawakami wa Atlanta dhidi ya New York Mets. Kawakami wa kweli, yule wa nyama na damu, msimu ule alishinda mechi 1 na kupoteza 10.

Vijana wetu kwenye vibanda vya gemu wangeniambia: unaona, mashine haionei mtu. Na ni kweli. Ndani ya mashine mtu akitolewa ametolewa, hakuna wa kutandaza mikono kwa makosa. Lakini mimi nilipolifikiria nikaona kwamba mashine imekosa kitu. Ndani ya mashine hakuna Joyce wa kukosea, na hakuna Joyce wa kutoka akasema nimekosea. Kawakami wa kwenye skrini hakujua kwamba ameshinda. Mechi ile ilibaki kuwa rekodi tupu, safi kabisa, bila mtu ndani yake aliyekuwa na cha kupoteza.

Kinachobaki ni swali la kumbukumbu, na hapa ndipo ninapobishana na shemeji. Yeye anasema Selig alifanya sawa: ukifungua mlango kwa Galarraga, kesho atakuja Mitchell wa 1956, keshokutwa kila mtu aliyewahi kuonewa, na mchezo utageuka mahakama. Hoja hiyo ina uzito. Lakini inasema kama vile kumbukumbu hazijawahi kufunguliwa, na hilo si kweli.

Mwaka 1959 Harvey Haddix wa Pittsburgh aliwatoa watu 36 mfululizo wa Milwaukee, zamu 12 nzima, hata mmoja hakufika. Wenzake walishindwa kumpatia pointi, na katika zamu ya 13 mdakaji wake alikosea kutupa, mwishowe akafungwa 1 kwa 0. Kwa miaka mingi alihesabiwa na wenye mechi kamili. Mwaka 1991 ligi ikaandika upya maana ya maneno, na Haddix akatolewa kwenye orodha. Miaka 32 baadaye! Walirudi nyuma wakamtoa mtu.

Na walirudi nyuma pia kuingiza watu. Wachezaji Weusi walizuiwa kuingia ligi kuu mpaka Robinson mwaka 1947, wakawa na ligi zao. Mwezi Mei 2024 takwimu za ligi zile ziliingizwa rasmi, na Josh Gibson, aliyekufa mwezi Januari 1947 bila kuchezeshwa ligi kuu hata siku moja, akapanda juu ya wapigaji wote kwa wastani wa maisha. Kwa hiyo vitabu vinafunguliwa. Vinafunguliwa mwenye kalamu akitaka.

Kwenye kadi yangu imeandikwa kwamba nilizaliwa tarehe 1 Januari. Ukipita barazani kwetu utakuta majirani saba au wanane wa tarehe hiyohiyo, kama vile Kivu nzima ilizaa siku moja. Mama alimweleza aliyekuwa anaandika: ilikuwa wakati wa kuvuna mihogo, mwaka ambao daraja lilichukuliwa na maji. Hiyo siyo tarehe, akajibiwa. Nikaandikwa Januari. Hakuna aliyesema uongo pale, kila mtu alikuwa na foleni ndefu nyuma yake.

Haya si mambo madogo. Mwaka 2011 watoto wa timu ya Kampala walishinda mashindano ya kanda huko Poland, wakapata nafasi ya kwenda Marekani kwenye fainali za besiboli ya watoto. Wangekuwa timu ya kwanza ya Afrika. Wakanyimwa viza, kwa sababu karatasi za kuzaliwa za baadhi yao hazikuelewana. Timu waliyoifunga, ya Saudi Arabia, ndiyo ikaenda. Mwaka uliofuata timu nyingine ya Uganda, ya Lugazi, ilifika Williamsport, na tulifurahi wote. Lakini wale wa 2011 umri ulishawapita. Mtoto anacheza ligi ya watoto mara moja tu maishani.

Kwa hiyo mimi simwombei Galarraga kwamba neno la Joyce lifutwe. Lilitamkwa, liandikwe. Naomba pembeni yake liandikwe na lile la pili, ambalo mwamuzi huyohuyo alilisema usiku uleule akiwa ameona picha. Kitabu kina nafasi ya mistari miwili. Galarraga mwenyewe, miaka 10 baadaye, alisema angependa jambo lile lirekebishwe, na hajajibiwa anavyotaka. Joyce ameshastaafu. Shemeji ananiambia kwamba ukiwauliza watu wa Michigan mechi kamili za 2010 zilikuwa ngapi, watakuhesabia tatu kwa vidole, halafu watakueleza ya tatu mpaka chai ipoe.