Urefu, Takwimu na Hukumu: Tathmini ya Wachezaji wa Mpira wa Kikapu wa Vyuo Vikuu vya Marekani na Kisa cha Hasheem Thabeet, 1947–2014

Ikisiri

Makala hii inachunguza namna timu za ligi ya NBA zilivyowatathmini wachezaji wa vyuo vikuu kabla ya uteuzi wa kila mwaka. Kisa cha msingi ni cha Hasheem Thabeet, Mtanzania aliyechaguliwa wa pili mwaka 2009. Hoja inayojengwa ni kwamba kutofanikiwa kwake hakuwezi kuelezwa kwa upungufu wa mchezaji peke yake. Tathmini iliyomweka nafasi ya pili ilipima mafanikio yaliyopatikana chini ya kanuni za vyuo, ikayachukua kuwa ahadi ya mafanikio chini ya kanuni nyingine, na haikutofautisha kipaji kilichokwisha komaa na kipaji kilichohitaji kulelewa.

1.0 Utangulizi

Tarehe 25 Juni 2009, katika ukumbi wa Madison Square Garden jijini New York, timu ya Memphis Grizzlies ilimchagua Hasheem Thabeet wa Chuo Kikuu cha Connecticut. Kijana huyo aliyezaliwa Dar es Salaam mwaka 1987 akawa Mtanzania wa kwanza kuingia NBA. Aliyetangulia kuchaguliwa alikuwa Blake Griffin. Nyuma yake waliitwa James Harden, aliyechaguliwa wa tatu, na Stephen Curry, wa saba. Wote wawili baadaye walitunukiwa tuzo ya mchezaji bora wa ligi: Curry mwaka 2015 na 2016, Harden mwaka 2018.

Kutokana na mfuatano huo, jina la Thabeet limezoeleka kutajwa katika orodha za makosa makubwa ya uteuzi. Hukumu hiyo ina ushahidi wake: katika michezo 224 ya NBA alipata wastani wa pointi 2.2 na ribaundi 2.7. Hata hivyo, kwa mwanahistoria, kujua matokeo si sawa na kuyaeleza. Swali la makala hii ni hili: watathmini wa mwaka 2009 waliona nini, kwa vigezo gani, na vigezo hivyo vilitoka wapi?

2.0 Chimbuko la uteuzi na la wapimaji

Uteuzi wa kwanza ulifanyika mwaka 1947 chini ya ligi ya BAA, iliyoungana na ligi nyingine mwaka 1949 na kuwa NBA. Lengo lake lilikuwa kuzigawia timu vipaji kwa utaratibu, timu dhaifu zikitangulia, ili matajiri wasijikusanyie wachezaji wote. Tangu mwanzo, utaratibu huo ulibeba mashaka yake. Clifton McNeely, mchezaji wa kwanza kabisa kuchaguliwa mwaka huo, hakucheza hata mchezo mmoja wa ligi hiyo. Alikwenda kuwa kocha wa shule huko Texas.

Katika miaka ya mwanzo, kumjua mchezaji kulitegemea ujirani. Hadi mwaka 1965 timu iliweza kuacha nafasi yake ya duru ya kwanza na badala yake kumchukua mchezaji wa eneo lake. Kigezo hapa kilikuwa cha kibiashara pamoja na cha kimchezo: mchezaji aliyekwisha kupendwa na wenyeji angewaleta watazamaji uwanjani. Baada ya utaratibu huo kufutwa, nafasi ya kwanza iliamuliwa kwa kurusha sarafu baina ya timu mbili zilizofanya vibaya zaidi katika kanda zao, na kuanzia mwaka 1985 ikaanza kuamuliwa kwa bahati nasibu.

Sambamba na mabadiliko hayo ilikua kazi ya skauti. Marty Blake, aliyeiongoza kazi hiyo kwa niaba ya NBA kwa miaka mingi, alijulikana kwa kuzunguka vyuo vidogo visivyofikiwa na macho ya wengi. Scottie Pippen, aliyetoka chuo kidogo cha Arkansas na kuchaguliwa wa tano mwaka 1987, ni miongoni mwa wachezaji ambao Blake alisaidia kuwatambulisha. Nguvu ya skauti wa aina hiyo ilikuwa macho, kumbukumbu na subira. Udhaifu wake ni kwamba macho huvutwa kwanza na kile kinachoonekana kwa urahisi, na katika mpira wa kikapu hakuna kinachoonekana kwa urahisi kuliko kimo.

3.0 Urithi wa imani katika urefu

Imani hiyo haikuwa ushirikina. Ilikuwa na historia nyuma yake. Mwaka 1956 Boston Celtics walitoa wachezaji wawili, Ed Macauley na Cliff Hagan, ili wampate Bill Russell wa Chuo Kikuu cha San Francisco, ambaye sifa yake kuu ilikuwa ulinzi. Kati ya mwaka 1957 na 1969 Russell alishinda ubingwa mara 11. Mwaka 1984 Hakeem Olajuwon, aliyezaliwa Lagos na kujifunza mchezo huu akiwa tayari kijana mkubwa, alichaguliwa wa kwanza na Houston Rockets, akaja kuipa timu hiyo ubingwa mwaka 1994 na 1995. Mwaka 1991 Dikembe Mutombo, mzaliwa wa Kinshasa, alichaguliwa wa nne akitokea Georgetown, akawa mmoja wa wazuiaji wakubwa wa mitupo katika historia ya ligi.

Mifano hiyo ilijenga kielelezo: mtu mrefu mwenye asili ya Afrika, aliyeanza mchezo akiwa amechelewa, anayeweza kulinda kikapu. Ubaya wa kielelezo ni kwamba hukumbuka waliofaulu na kuwasahau wengine. Mwaka huohuo wa 1984, Portland Trail Blazers walimchagua Sam Bowie, senta wa Kentucky aliyekwisha kukosa misimu miwili ya chuo kwa majeraha ya mguu, kabla ya Michael Jordan. Portland walikuwa na Clyde Drexler katika nafasi ya Jordan, hivyo waliona pengo lao liko kwa senta. Uamuzi ulifuata mantiki ya hitaji la timu. Uliponyima uzito historia ya mwili wa mchezaji, mantiki hiyo ikawagharimu.

4.0 Kilichopimwa Connecticut, 2006–2009

Thabeet alianza kucheza mpira wa kikapu akiwa na umri wa takriban miaka 15, wakati wenzake wengi wa Marekani huwa wamecheza tangu utotoni. Baada ya kumaliza shule huko Houston alijiunga na Connecticut chini ya kocha Jim Calhoun. Kwa kimo cha takriban sentimita 221 alizuia wastani wa zaidi ya mitupo minne kwa mchezo katika misimu yake miwili ya mwisho. Msimu wa 2008–09 alipata wastani wa pointi 13.6 na ribaundi 10.8, na timu yake ikafika nusu fainali ya taifa. Alikuwa mlinzi bora wa kanda ya Big East mara mbili, na mwaka 2009 aligawana tuzo ya mchezaji bora wa kanda hiyo na DeJuan Blair wa Pittsburgh.

Mtathmini aliyesoma takwimu hizo aliona maendeleo halisi: pointi na ribaundi zilipanda kila mwaka. Hata hivyo, takwimu zilezile zilikuwa na onyo. Katika misimu yote mitatu wastani wake wa asisti haukufika moja kwa mchezo. Kwa senta, asisti chache mno zaweza kuashiria kwamba mpira ukimfikia hauendelei mbele: hasomi mapema wapi mwenzake yupo wazi. Huo ni ujuzi unaotokana na miaka mingi ya kucheza, na miaka ndiyo iliyomkosa.

Onyo la pili lilitoka uwanjani. Mwezi Februari 2009, Connecticut wakiwa nambari moja kwa ubora nchini, Blair aliwafunga pointi 22 na kuchukua ribaundi 23, akimzidi Thabeet nguvu chini ya kikapu licha ya kuwa mfupi kwa takriban sentimita 20. Hata hivyo, siku ya uteuzi Blair alichaguliwa wa 37, kwa sababu vipimo vya kitabibu vilionyesha magoti yake hayakuwa na kano muhimu zinazoyashikilia. Katika msimu wake wa kwanza na San Antonio Spurs alicheza michezo yote 82. Hapa kuna fundisho la mbinu: kipimo cha mwili kilikuwa sahihi kama kipimo, lakini kwa miaka ya mwanzo kilitabiri vibaya kuliko mchezo wenyewe.

Onyo la tatu, ambalo ndilo zito zaidi, lilikuwa la kikanuni. Katika vyuo, mlinzi aliruhusiwa kusimama chini ya kikapu kwa muda apendao. Katika NBA, tangu mwaka 2001, mlinzi asiyemkaba mtu kwa karibu haruhusiwi kubaki katika eneo hilo zaidi ya sekunde tatu. Aidha, mstari wa pointi tatu wa vyuo ulikuwa mita 6.32 kutoka kikapuni ilhali ule wa NBA hufika mita 7.24, jambo linalopanua uwanja ambao mlinzi hulazimika kuufikia. Kwa maneno mengine, kazi iliyomletea Thabeet tuzo ilikuwa kusimama mahali pamoja na kungoja. Kazi aliyoajiriwa kuifanya ilimtaka atoke, ageuke na kurudi kwa kasi. Tuzo zilipima kazi ya kwanza, na Memphis walinunua ya pili.

5.0 Kulelewa kusikofanyika

Yapo maelezo yanayosema kwamba hata kwa udhaifu huo, mchezaji angeweza kuundwa. Wahenga walisema, usione vyaelea, vimeundwa. Olajuwon mwenyewe hakuwa ameiva alipofika Houston kusoma. Tofauti iko katika mazingira. Memphis tayari walikuwa na senta kijana, Marc Gasol, ambaye mwaka 2013 angetunukiwa tuzo ya mlinzi bora wa ligi. Mwezi Julai 2009, wiki chache baada ya uteuzi, walimchukua pia Zach Randolph. Mchezaji aliyehitaji dakika nyingi kuliko mwingine yeyote alipelekwa mahali ambapo dakika zilikuwa chache.

Mwezi Februari 2010 Thabeet alishushwa kwenye ligi ya maendeleo, katika timu ya Dakota Wizards. Hakuna mchezaji aliyechaguliwa nafasi ya juu hivyo aliyekuwa amepelekwa huko kabla yake. Vyombo vya habari vililisoma tukio hilo kama fedheha, ilhali kwa kigezo cha malezi huenda ndiko alikostahili kuanzia. Mwaka 2011 alihamishiwa Houston, mwaka 2012 akaenda Portland na kisha Oklahoma City, na mwaka 2014 safari yake ya NBA ikakoma. Katika miaka mitano alikuwa amefundishwa na timu nne, kila moja na mfumo wake.

Hata hivyo, hoja ya malezi isivutwe kupita kiasi. Kutaja nafasi chache hakuthibitishi kwamba dakika nyingi zingemfanya nyota. Kinachothibitika ni kidogo zaidi lakini kina uzito: nafasi ya pili ilitolewa kwa mtu ambaye thamani yake ilitegemea mafunzo ya muda mrefu, na timu iliyomteua haikuwa na mpangilio wa kumpa mafunzo hayo uwanjani.

6.0 Tatizo la hukumu ya baadaye

Tathmini ya tathmini nayo ina historia. Lau hukumu ya uteuzi wa 2009 ingeandikwa mwaka 2010, bingwa wake angekuwa Tyreke Evans, aliyechaguliwa wa nne na kutwaa tuzo ya mchezaji bora chipukizi, ilhali Griffin hakucheza mchezo wowote msimu huo kwa jeraha la goti. Curry alipitwa na timu tano. Mojawapo, Minnesota, ilichagua wachezaji wawili wa nafasi yake, Ricky Rubio na Jonny Flynn, mmoja baada ya mwingine. Flynn alidumu NBA misimu mitatu tu. Kwa hiyo kosa la Memphis halikuwa la ajabu katika usiku ule. Lilikuwa moja kati ya kadhaa, na linakumbukwa zaidi kwa sababu urefu wa Thabeet ulimfanya aonekane zaidi, alipopanda na aliposhuka.

Lipo pia suala la ukumbusho. Nchini Marekani Thabeet ni mfano wa kosa. Kwa Watanzania yeye ndiye aliyethibitisha kwamba kijana aliyeanzia viwanja vya saruji vya Dar es Salaam anaweza kufika ligi kubwa kuliko zote. Kumbukumbu hizi mbili hazipingani, kwa kuwa zinajibu maswali mawili tofauti. La kwanza huuliza alistahili nafasi gani miongoni mwa wachezaji 60 waliochaguliwa usiku ule. La pili huuliza alitoka wapi na kwa muda gani. Mtafiti anayejibu moja kwa ushahidi wa lingine hupotosha yote mawili.

7.0 Hitimisho

Makala imeonyesha kwamba tathmini ya wachezaji wa vyuo imepita kutoka ujirani hadi macho ya skauti, kisha hadi takwimu na vipimo vya mwili, bila hatua yoyote kati ya hizo kuondoa mashaka. Kisa cha Thabeet kinaonyesha mahali mashaka hayo yalipojificha: taarifa muhimu zilikuwepo, lakini zilisomwa kwa kielelezo kilichorithiwa kutoka kwa Russell, Olajuwon na Mutombo. Asisti chache, pambano na Blair na tofauti ya kanuni ni mambo yaliyojulikana kabla ya tarehe 25 Juni 2009. Kwa sababu hiyo, tathmini yenye manufaa haina budi kuuliza maswali matatu kwa pamoja: mchezaji amefanya nini, amefanya chini ya masharti gani, na anayemchukua ana uwezo gani wa kumkamilisha. Mwaka 2009 swali la kwanza lilijibiwa kwa ukamilifu. Gharama ya kutojibu mengine mawili ilibebwa kwa sehemu na timu, na kwa sehemu kubwa zaidi na kijana wa miaka 22.