Barua za Mstaafu kwa Rafiki Yake wa Vitani

Kila asubuhi ninapotoka Tegeta kwenda kufundisha, foleni ya magari hunisimamisha karibu na kambi ya Lugalo. Aghalabu hutumia dakika hizo kukumbuka kwamba mahali pale, wakati pakiitwa Colito, ndipo askari wa Tanganyika Rifles walipoasi tarehe 20 Januari 1964, wakidai nyongeza ya mishahara na kuondolewa kwa maofisa wa Kiingereza. Mwalimu Nyerere alilazimika kujificha kwa muda. Siku tano baadaye, serikali yenye umri wa miaka miwili tu iliokolewa na askari wa majini wa Uingereza, yaani mkoloni wa jana. Jeshi lile likavunjwa, na JWTZ ikaundwa tarehe 1 Septemba mwaka huohuo.

Ninaanzia hapo kwa sababu muhula huu nimewasomesha wanafunzi wangu barua za George Washington kwa Lafayette, na mmoja wao aliniuliza, kwa heshima lakini bila kumung'unya maneno, barua hizo zinamhusu nini mtoto wa Mbagala. Nilimjibu kwa kumrudisha Colito. Taifa changa la Marekani nalo lilikuwa na askari wasiolipwa. Machi 1783, katika kambi ya Newburgh, ulisambazwa waraka usio na jina la mwandishi, ukiwachochea maofisa wasilitii Bunge mpaka haki zao zitimizwe. Washington alikwenda kukutana nao tarehe 15 ya mwezi huo. Hotuba yake haikuwagusa sana. Kilichowagusa ni pale alipotaka kuwasomea barua ya mbunge mmoja, akashindwa kuona maandishi, akatoa miwani ambayo wengi wao hawakuwahi kumwona ameivaa, akawaomba radhi kwamba amezeekea katika utumishi wao na sasa anakaribia kuwa kipofu. Baadhi yao walilia. Tarehe 23 Desemba 1783, mjini Annapolis, alirejesha madaraka ya ujemadari kwa Bunge lililompa, akapanda farasi kwenda kwake Mount Vernon.

Barua ninayoipenda kuliko zote aliiandika kutoka huko tarehe 1 Februari 1784. Anamwambia Lafayette kwamba hatimaye amekuwa raia wa kawaida kando ya mto Potomac, amekaa chini ya mzabibu wake na mtini wake mwenyewe. Maneno hayo aliyachota katika Biblia, kwa nabii Mika. Anasema hamwonei mtu wivu, na kwamba ataufuata polepole mkondo wa maisha mpaka alale pamoja na baba zake. Alikuwa bado hajatimiza miaka 52. Mimi niliye katika miaka ya arobaini huisoma barua hiyo kwa husuda kidogo, maana hakuna msamiati wa namna hiyo katika fomu zetu za kustaafu.

Aliyeandikiwa alikuwa nani? Lafayette alikuwa kabaila wa Kifaransa aliyevuka bahari mwaka 1777, akiwa na miaka 19, kupigana vita isiyo yake. Baba yake aliuawa vitani kabla yeye hajatimiza miaka miwili. Washington hakujaliwa mtoto wa kumzaa. Mwezi Septemba mwaka huohuo kijana alijeruhiwa mguu katika vita ya Brandywine, na kuanzia hapo jemadari, mtu aliyejulikana kwa ubaridi wake, akampenda kama mwanawe. Baada ya Lafayette kumtembelea Mount Vernon mwaka 1784, wakaagana, na tarehe 8 Desemba mzee akamwandikia kwamba gari lilipokuwa likiondoka alijiuliza kama hataonana naye tena. Moyo ulitaka kukataa, anasema, lakini hofu yake ikakubali. Hawakuonana tena.

Wengi huishia hapo, kwenye machozi. Mimi huwataka wanafunzi warudi nyuma karibu miaka miwili, kwenye barua ya Lafayette ya tarehe 5 Februari 1783 kutoka Cadiz, Hispania. Amani inakaribia, naye ana pendekezo: wanunue pamoja shamba dogo, wawaache huru watumwa, wawakalishe kama wakulima wapangaji. Mfano wa mtu kama Washington, anasema, ungeweza kuwa desturi ya wote; ukifaulu Marekani, yeye yuko tayari kuupeleka katika visiwa vya Karibi. Kisha anaongeza kwamba kama mpango huo ni wazimu, ni heri awe mwendawazimu kwa njia hiyo kuliko kuhesabiwa mwenye busara kwa njia nyingine.

Tafakari uzito wa jambo hili. Mzabibu ule na mtini ule vilipaliliwa na watumwa. Orodha aliyoiandika Washington mwenyewe mwaka 1786 ina majina ya watu 216 waliokuwa wakitumikishwa Mount Vernon. Hakuna mbunge, jirani wala mchungaji aliyekuwa na nafasi ya kumwambia jemadari mshindi jambo hilo kwa upendo na bila woga. Rafiki wa vitani alikuwa nayo, na aliitumia.

Naye alijibuje? Tarehe 5 Aprili 1783 aliusifu moyo mwema wa kijana, akasema atafurahi kushirikiana naye katika kazi njema kama hiyo, lakini akaahirisha kuingia katika undani wake mpaka watakapokutana. Walikutana; shamba halikununuliwa. Lafayette akanunua la kwake peke yake huko Cayenne, Guiana ya Kifaransa. Washington alipopata habari, alimwandikia tarehe 10 Mei 1786 akimpongeza tena na kutamani roho hiyo ienee katika nchi yake, huku akikiri kwamba amekata tamaa: maombi yaliyopelekwa katika Bunge la Virginia hayakupata hata usikivu wa maana. Kuwaachia wote kwa mara moja, alisema, kungeleta madhara; ifanyike hatua kwa hatua, kwa njia ya sheria. Mtumishi wa umma anayesoma makala haya atakuwa ameitambua lahaja hiyo. Ni lahaja ya faili lililorudishwa na maelezo kwamba suala ni zuri na linafanyiwa kazi.

Hata kustaafu kwenyewe hakukudumu. Mwaka 1787 aliitwa kuongoza mkutano wa Katiba, mwaka 1789 akawa Rais, na alipoachia urais Machi 1797 haukupita mwaka na nusu akateuliwa tena kuwa amirijeshi, safari hii kwa hofu ya vita na Ufaransa. Wakati huo Lafayette alikuwa ametoka gerezani baada ya miaka mitano mikononi mwa Prussia na Austria, mali zake zimetaifishwa na jaribio lake la Cayenne limekufa, naye alitamani kukimbilia Marekani. Tarehe 25 Desemba 1798 Washington alimwandikia kwamba hakuna ambaye angempokea kwa mikono miwili kumzidi yeye, ila asije mpaka nchi zao mbili zipatane. Hapo baba na dola walizungumza kwa kalamu moja, na dola ikashinda.

Sisi tunajua haya yote kwa sababu barua zilitunzwa. Je, za kwetu? Mwalimu aling'atuka urais tarehe 5 Novemba 1985, akabaki Mwenyekiti wa CCM hadi 1990. Aliishi Butiama na pale Msasani, wilaya ya Kinondoni. Upande wa pili wa mji, Mji Mwema, Kigamboni, ilipokuwa bado chini ya Temeke, aliishi Mzee Aboud Jumbe, aliyejiuzulu uongozi wa Zanzibar Januari 1984 kufuatia waraka kuhusu Muungano uliovuja. Alikaa huko zaidi ya miaka 30, hadi alipofariki Agosti 2016. Kati ya nyumba ya Msasani na ile ya Mji Mwema kuna maji ya bahari na kivuko tu. Wazee wote wawili walikuwa na marafiki waliovaa magwanda.

Tunavyo vitabu. Mzee Jumbe aliandika chake mwaka 1994, Rais Mkapa 2019, Rais Mwinyi 2021. Lakini kumbukumbu ya maisha huandikwa kwa ajili yetu sote, na mwandishi hukaa sawa kabla ya kupigwa picha. Barua huandikwa kwa mtu mmoja anayekujua ulivyokuwa siku ya mvua ya risasi. Sheria ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa ya 2002 inashughulikia nyaraka za umma. Barua ya faragha hubaki sandukuni kwa familia, ikingoja mchwa au mjukuu anayesafisha chumba. Nimewaomba wanafunzi wangu, kabla ya kuandika tasnifu kuhusu wakubwa, waulize nyumbani kwao kuna sanduku gani chini ya kitanda. Wawili wamekwisha kurudi na barua za babu zao kutoka vita ya Kagera.

Ninawaomba hivyo kwa sababu ya mtu ambaye hayumo katika barua za Washington kama mwandikiwa. William Lee alinunuliwa mwaka 1768. Katika miaka yote minane ya vita alikuwa karibu na jemadari, akipanda farasi nyuma yake na kutunza karatasi zake. Lafayette alikuja na kuondoka. Lee hakuwa na pa kwenda. Kwa kipimo chochote cha haki, yeye ndiye rafiki wa vitani aliyekaa muda mrefu kuliko wote, na hakuna barua hata moja kati yao, maana mtu haandikiani na mali yake.

Alitajwa mwishoni. Katika wosia wa Julai 1799, miezi mitano kabla ya kifo chake, Washington aliagiza watumwa wake mwenyewe, watu 123 kati ya 317 waliokuwapo Mount Vernon, waachwe huru baada ya kifo cha mkewe, ambaye hakungoja hivyo, akawaachia tarehe 1 Januari 1801. Lee peke yake alipewa uhuru papo hapo, pamoja na dola 30 kwa mwaka, kwa utumishi wake wakati wa vita. Miaka 16 ilikuwa imepita tangu ile barua ya Cadiz. Magoti yake yalikuwa yamevunjika, naye alikuwa akishona viatu. Alibaki palepale, na wanajeshi wa zamani waliokuja Mount Vernon walikuwa wakipita kwenye kibanda chake kumsalimu na kuzungumza habari za vita.