Maktaba za programu: Nguzo fiche ya rekodi za hospitali

MUUGUZI anapofungua faili ya mgonjwa kwenye tarakilishi, huona jina, tarehe ya kurudi kliniki na orodha ya dawa. Asichokiona ni vipande vingi vya programu vinavyoshirikiana nyuma ya ukurasa huo, vingi vikiwa vimeandikwa na watu wasiojua kuwa vinatumika hospitalini.

Vipande hivyo huitwa maktaba za programu. Maktaba ni mkusanyiko wa maagizo ya tarakilishi ulioandikwa mara moja ili utumiwe na programu nyingi. Mtaalamu anayetaka kuhifadhi data haanzi upya. Huichukua maktaba iliyopo na kuiunganisha na kazi yake.

Juu ya maktaba hizo hujengwa mifumo ya moduli. Kila moduli ina jukumu lake, kama vile usajili, maabara au ripoti. Inaweza kurekebishwa au kuondolewa bila kubomoa mfumo mzima, mradi ifuate kanuni za mawasiliano zilizowekwa na kiini cha mfumo.

Kutoka Mosoriot hadi OpenMRS

Kenya ina mfano bora wa jambo hili. Mwaka wa 2001, kituo cha afya cha Mosoriot, Nandi, kilianza kuweka rekodi za wagonjwa kwa tarakilishi kupitia ushirikiano wa Chuo Kikuu cha Moi na kile cha Indiana, Marekani.

Matibabu ya UKIMWI yalipopanuka, ilibainika kwamba mfumo mkubwa zaidi ulihitajika. Mnamo 2004 wataalamu wa Taasisi ya Regenstrief ya Indiana, wakishirikiana na shirika la Partners In Health, walianzisha OpenMRS. Mfumo huo ulianza kutumika Eldoret mwaka wa 2006.

OpenMRS ni programu huria iliyoandikwa kwa lugha ya Java. Huegemea maktaba kama Hibernate, inayopitisha data kati ya programu na hifadhidata, na Spring, inayounganisha huduma zake. Kila moduli hutaja moduli nyingine inazozihitaji, zikikosekana, haiwashwi.

Mwaka wa 2012 ulizinduliwa mfumo wa KenyaEMR, uliojengwa juu ya OpenMRS. Wasanifu wake waliweka kanuni za pamoja katika moduli ya kenyacore, na sura ya kurasa katika kenyaui, ili moduli nyingine zichote humo badala ya kurudia kazi ileile.

Pamoja na maktaba, mifumo hii huhitaji kamusi ya pamoja ya istilahi za tiba, ambapo kila ugonjwa na kila dawa ina nambari yake. Mgonjwa akihama Eldoret na kuhamia Loresho, Nairobi, rekodi yake itaeleweka huko iwapo kliniki zote mbili zinatumia kamusi moja.

Hatari ya kushiriki

Hata hivyo, mtego wa panya huingia waliomo na wasiokuwemo. Mnamo Machi 2016, mwandishi mmoja aliiondoa mtandaoni maktaba yake ya left-pad, yenye mistari 11 pekee, na kazi za waundaji wa programu kote duniani zikakwama.

Zito zaidi lilitokea Desemba 2021. Dosari ilifichuliwa katika Log4j, maktaba ya Java inayoandika kumbukumbu za matukio ya programu. Iliwawezesha wadukuzi kuendesha maagizo yao kwenye sava za watu wengine wakiwa mbali. Maktaba ileile iliyowapunguzia wengi kazi ikageuka mlango wa wezi.

Kwa hospitali, athari si hasara ya fedha tu. Mfumo ukizimika, daktari hukosa historia ya dawa. Ukidukuliwa, siri ya mgonjwa huanikwa.

Kinga yake haina miujiza. Kila kituo kinahitaji orodha ya maktaba zinazotumika na matoleo yake, mtu wa kufuatilia marekebisho, na sava ya majaribio ya kupimia toleo jipya kabla ya kulifikisha kwa wagonjwa. Programu huria hupatikana bila malipo, lakini kuitunza kunagharimu.