Emilio Ghione: Mtakatifu Aliyegeuka Jambazi

Mwaka 1911, kampuni ya Cines ya Roma ilipotafuta mtu wa kuigiza Mtakatifu Fransisko wa Assisi, ilimchukua Emilio Ghione, mtoto wa mchoraji kutoka Turin. Mashavu yake yalikuwa yamebonyea, macho yamezama ndani, na mifupa ya uso imechomoza kama ya mtu aliyefunga siku nyingi. Kwa mtawa fukara, sura hiyo haikuhitaji rangi wala poda.

Baada ya miaka michache tu, uso huohuo ukawa wa jambazi. Ghione alikuwa ameshaanza kuongoza filamu, na katika *Nelly la gigolette* alimleta Za-la-Mort, mhuni wa vichochoro vya Paris, mwenye kofia ya kapelo na kitambaa shingoni. Katika filamu zilizofuata za mhusika huyo, pembeni yake alikuwepo Za-la-Vie, aliyeigizwa na Kally Sambucini. Za-la-Mort hakuwa na tabia moja: filamu hii anaiba na kuua, filamu ile anawatetea wanyonge. Watazamaji hawakujali. Walimpenda hivyohivyo, na Ghione akawa miongoni mwa nyota wakubwa wa Italia.

Kazi yake bora, kwangu mimi, ni *I topi grigi* ya mwaka 1918, mfululizo wa sehemu 8. Wengi wakitaja sinema bubu ya Italia hukimbilia filamu ya *Cabiria* na mahekalu yake ya kutengenezwa. Ghione alitoka nje. Wahusika wake wanafukuzana mashambani na kwenye barabara za vumbi, na jua lililomo ni jua la kweli. Hata mabonde matupu yanatia hofu. Kwa hilo bado hajapewa sifa ya kutosha.

Kisha mambo yakaharibika. Kampuni kubwa za filamu za Italia ziliungana mwaka 1919, lakini benki iliyozitegemeza ikaanguka mwishoni mwa 1921, huku filamu za Marekani zikijaa kwenye majumba ya sinema. Mwaka 1924 Ghione alimpeleka Za-la-Mort Ujerumani. Aliporudi, aliyekuwa bwana wa filamu zake akabaki kupewa nafasi ndogo katika filamu za wengine, ikiwemo *Gli ultimi giorni di Pompei* ya 1926.

Kifua kikuu kilimmaliza mjini Roma Januari 1930, akiwa na miaka 50. Lakini alikwisha kuandika kumbukumbu zake, pamoja na insha juu ya kupanda na kushuka kwa sinema ya Italia, wakati ambapo filamu zenyewe zilikuwa zikitupwa.