Mwigizaji Aliyeingia Utawani

Wengi wetu twalijua jina la Elvis Presley. Mwaka 1957, katika sinema Loving You, aliigiza pamoja naye binti wa Chicago, Dolores Hart. Kwa miaka michache tu binti huyo alicheza sinema 10. Mwaka 1961 alionekana katika Francis of Assisi kama Mtakatifu Klara. Yeye mwenyewe alisimulia kwamba alipomweleza Papa Yoane XXIII kuwa anaigiza Klara, Baba Mtakatifu alimjibu: wewe ndiwe Klara.

Mwaka 1963 aliingia kwa Masista Wabenediktini wa Regina Laudis, huko Connecticut. Twasifu hatua yake, lakini tusimsahau mchumba aliyeachwa. Huyo hakuoa kamwe. Aliendelea kumtembelea monasterini mpaka alipofariki mwaka 2011.