Alama ndogo kwenye utepe wa nishani zina maana gani?

Babu aliyekuwa askari wa Keya, yaani King's African Rifles, jeshi la Waingereza katika Afrika Mashariki, huenda aliacha nyumbani nishani moja au mbili na kipande cha utepe kilichopauka. Juu ya utepe huo pengine kuna ua dogo la fedha, au jani la shaba. Watoto hulichezea, likadondoka, likasahaulika. Katika makala hii tunaeleza maana ya alama hizo na kwa nini zisibanduliwe.

Kutuzwa mara ya pili

Kwa utaratibu wa Waingereza, askari aliyestahili tena nishani ileile ya ushujaa hakupewa nyingine. Aliongezewa kipande chembamba cha chuma kilicholala juu ya utepe wa nishani ya kwanza. Alipovaa utepe peke yake kifuani, kipande hicho kiliwakilishwa na ua dogo la fedha. Kwa mfano, utepe wa Military Medal, nishani iliyoanzishwa mwaka 1916, ukiwa na ua moja, mwenyewe alituzwa mara mbili. Ukiwa na maua mawili, alituzwa mara tatu.

Si kila alama huhesabu

Jani la mwaloni kwenye utepe wa Victory Medal ya Vita Kuu ya Kwanza, au War Medal ya 1939–45, huonyesha kwamba jina la askari lilitajwa kwa sifa katika taarifa ya kamanda wake. Hata akitajwa mara tatu, jani hubaki moja. Katika jeshi la nchi kavu la Marekani, jani kama hilo huhesabu: la shaba ni tuzo moja ya nyongeza, la fedha husimama badala ya matano ya shaba.

Ua nalo si lazima liwe la ushujaa. Kwenye utepe wa Burma Star, huonyesha kwamba askari alistahili pia nyota ya Pasifiki. Ndiyo maana husomwa rangi za utepe kwanza, kisha alama.

Kwa nini jambo hili linatuhusu

Vita Kuu ya Kwanza ilifika mapema katika mwambao wetu. Agosti 13, 1914, meli ya Waingereza Gwendolen iliishambulia meli ya Wajerumani Hermann von Wissmann hapa Liuli, wakati huo ikiitwa Sphinxhafen. Medali za vita hivyo ziliandikwa namba, cheo na jina la askari ukingoni au mgongoni, hivyo mwenyewe anaweza kutambuliwa hata leo.

Vita Kuu ya Pili ni tofauti. Askari wa Afrika Mashariki walipigana Abisinia, na mwaka 1944 Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki ilikuwa Burma. Nyota walizopewa kwa kawaida hazikuandikwa jina. Kwa familia isiyo na karatasi za babu, utepe na alama yake ndio ushahidi uliobaki. Alama ikipotea, sehemu ya habari zake imepotea.

Utaratibu wa leo

Wanajeshi wa JWTZ wanaolinda amani chini ya Umoja wa Mataifa, wakiwemo wa brigedi iliyoingia Kongo mwaka 2013 pamoja na Afrika Kusini na Malawi, jirani zetu wa ng'ambo ya ziwa, hupata medali baada ya siku 90 za kazi. Anayetumikia misheni ileile siku 180 zaidi huongezewa tarakimu 2 kwenye utepe.

Kuzitunza

Tunashauri usisugue nishani wala kuhamisha alama kutoka utepe mmoja kwenda mwingine. Piga picha pande zote mbili na ukingoni. Kisha kaa na wazee, uandike jina la babu, kikosi chake na nchi alizopigana, wakati bado yupo wa kuuliza.